Sungusungu si siafu

Jua linaelekea kuzama, uko kwenye kijia cha shambani, mara unakuta mstari mweusi umekatiza njia. Chungu wakubwa, weusi kama mkaa, wanakwenda kwa safu na kila mmoja anajua anakokwenda. Mtoto aliye nyuma yako anapiga yowe: "Siafu!" Mnaruka wote. Kuruka si kosa. Kilichokosewa ni jina, na jina likishakosewa mengine hufuata.

Hao ni sungusungu. Najua jina hili hutumika kwa namna tofauti hapa na pale, kwa hiyo niseme wazi kwamba nawazungumzia wale wanaowinda mchwa, ambao wataalamu huwaita Megaponera analis. Wako katika sehemu kubwa ya Afrika kusini mwa Sahara, na aliye mkubwa kati yao hukaribia urefu wa sentimita 2.

"Siafu, sungusungu, yote mamoja"

Kundi moja la siafu huwa na mamilioni. Vibarua wake hawana macho, na hula chochote kisichowahi kukimbia, kuanzia mende hadi kifaranga aliyefungiwa bandani. Ndiyo maana siafu wakiingia nyumbani bibi zetu walitoka na watoto na kuku wao, wakakaa chini ya mti kusubiri, wakarudi kukuta nyumba haina mende hata mmoja. Sungusungu kundi zima ni mamia kadhaa, likizidi sana elfu mbili na ushee. Wana macho. Na chakula chao ni kimoja tu, mchwa. Kuku wako hawamhusu.

"Wanauma kwa meno"

Siafu, ndiyo. Mwiba anao lakini ni mdogo na hautumii sana. Silaha yake ni taya, na ukimvuta kiwiliwili hukatika, kichwa kikabaki kimeng'ang'ania ngozi. Sungusungu hutumia taya kukushika tu. Siku ya kwanza kumwona akifanya kazi hiyo alikuwa kwenye kifundo cha mguu wangu, na kwa bahati mbaya nilikuwa na muda wa kutazama. Alibana ngozi kwa meno, akatulia kidogo, kisha akakunja tumbo kuelekea mbele na kuzamisha ncha ya nyuma. Maumivu yalikuja hapo, si pale penye meno. Yalikuja kama kaa la moto lililodondoka kutoka jikoni.

Mwiba huo asili yake ni kiungo cha kutagia mayai, kwa hiyo anayekudunga siku zote ni jike. Vibarua wote wa chungu ni majike; madume hawana mwiba. Tena haubaki mwilini kama wa nyuki, kwa hiyo usihangaike kuutafuta kwenye ngozi. Mtafute mwenyewe umtoe, kwa sababu anaweza kurudia.

"Sumu yao ni asidi, paka magadi"

Dhana hii ina mzizi wa kweli. Mwaka 1671 Mwingereza John Ray alieleza jinsi asidi inavyopatikana kwa kukeneka chungu waliopondwa, na mpaka leo inaitwa asidi ya fomiki, jina lililotokana na neno la Kilatini la chungu. Ila wenye asidi hiyo ni ukoo mwingine, usio na mwiba kabisa. Majimoto wa kwenye miembe ni wa ukoo huo: wanang'ata, kisha wananyunyizia asidi. Sumu ya chungu wenye mwiba mara nyingi ni mchanganyiko wa protini na vipande vya protini, na magadi uliyopaka juu ya ngozi hayaifikii ilikokwisha kuingia. Osha kwa sabuni, weka kitambaa cha maji baridi au barafu, jizuie kukuna. Mtu akivimba midomo na uso, akapumua kwa shida au akapata kizunguzungu, hapo si suala la magadi tena, ni hospitali saa hiyohiyo.

Na hatari haipimwi kwa ukubwa wa mdudu. Ndugu zetu walioko Oman na Emirati huenda wamemsikia samsum, chungu mdogo mwenye asili ya Afrika ambaye sasa anaishi pia katika nchi za Ghuba. Ukimweka kando ya sungusungu unaweza kumdharau. Lakini huyo ndiye madaktari wa kule wanamwogopa, kwa sababu ya mzio mkali ambao umewahi kuua watu.

"Wanatoka kuvamia watu"

Wanatoka kuvamia, ila si wewe. Mpelelezi mmoja hutangulia peke yake kutafuta mahali mchwa wanapokula. Akishapaona hageuki mchoyo, hurudi kiotani moja kwa moja na kutoka tena na wenzake, mara nyingi mia mbili hadi mia tano. Wanaweza kwenda hata mita 50. Wakikaribia hawarukii, husimama, wakangoja walio nyuma wafike, ndipo wanaingia pamoja. Wakubwa hubomoa lile tabaka la udongo ambalo mchwa hujifunikia, wadogo huingia ndani kuua na kutoa, kisha wakubwa hubeba mchwa kadhaa kwa mpigo, wamejaa mdomoni kama kuni kifuani. Safari za namna hiyo ni mbili hadi nne kwa siku, zaidi asubuhi na jioni. Kwa mwenye mahindi yanayoliwa na mchwa, sioni sababu ya kuwamwagia mafuta ya taa majirani hawa.

Si ajabu kwamba mwanzoni mwa miaka ya 1980, vikundi vya Wasukuma na Wanyamwezi vilivyopambana na wezi wa ng'ombe vilijulikana kwa jina hili hili la sungusungu.

Ukiisumbua safu utasikia mlio, kama tone la maji lililodondokea kikaango cha moto. Si nyoka. Ni wao, wanasugua sehemu za tumbo lao.

"Wadudu hawajali, akianguka mmoja wanampita"

Mimi pia niliamini hivyo. Mchwa askari si wanyonge. Wana taya za kukata, na kila vita huacha sungusungu waliopoteza mguu au wanaotembea na kichwa cha mchwa kimeng'ang'ania mwilini. Mtafiti Erik Frank na wenzake, waliowachunguza katika Hifadhi ya Comoé nchini Côte d'Ivoire, walitangaza mwaka 2017 kwamba majeruhi hawa hubebwa kurudishwa kiotani. Aliyeumia hutoa harufu maalumu kutoka kwenye tezi za taya, mwenzake humkagua, kisha humnyanyua, naye hukunja miguu iliyosalia ili abebeke vizuri.

Ndani ya kioto mchwa aliyeng'ang'ania huondolewa, na kidonda hulambwa. Bila matibabu hayo, majeruhi wapatao 80 kwa kila 100 walikufa ndani ya saa 24. Waliolambwa walikufa 10 tu. Mwaka 2023 ikaonekana zaidi ya hapo: wanatambua kidonda kilichoingiwa na bakteria, na kukipaka majimaji ya tezi iliyo ubavuni mwa kifua, yenye uwezo wa kuua vijidudu. Aliyepoteza mguu hujifunza mwendo mpya, na ndani ya siku moja tu anaweza kukimbia karibu kama mzima. Wengi hurudi vitani.

Sasa wapo wanaokimbilia upande wa pili na kusema sungusungu wana huruma. Sikubali. Aliyepoteza miguu mitano hasaidiwi, na anayekataa ni yeye mwenyewe: badala ya kukunja miguu hujitupatupa mpaka mwokoaji anakata tamaa na kwenda zake. Na aliyeumia kidogo ana mambo yake. Wenzake wakiwa karibu, hujikokota taabani, mwendo wa mgonjwa anayesubiri kubebwa. Safu ikishapita akaachwa peke yake, huinuka na kutimua mbio hadi kiotani.