Kwa Nini Roboti ya Wanafunzi Hukwepa Ukuta Lakini Hugonga Pazia?

Mpwa wangu alikuja na kigari cha roboti cha klabu yao ya shule, akakiachia sebuleni kwetu Nyalenda, Kisumu. Kilifika ukutani, kikasita, kikageuka. Kilifika kwenye stuli, kikageuka. Halafu kikaliendea pazia la mlangoni bila wasiwasi, kikajizonga humo, magurudumu yakizunguka bure.

"Mjomba, kimepofuka?"

Hakikuwahi kuona. Yale macho mawili ya duara yaliyo mbele yake, jicho moja ni mdomo na la pili ni sikio. Mdomo hutoa mlio wa mitetemo 40,000 kwa sekunde. Sikio la binadamu huishia kwenye 20,000 hivi, ndiyo maana hatukusikia kitu. Popo wanaowinda wadudu kando ya ziwa jioni hutumia mbinu hiyo hiyo.

Mlio ukigonga ukuta, hurudi kama mwangwi. Sauti husafiri takriban mita 343 kwa sekunde hewa ikiwa na joto la nyuzi 20. Ukuta ukiwa nusu mita mbele, kwenda na kurudi ni mita moja, yaani milisekunde 3 hivi. Kompyuta ndogo iliyo mgongoni mwa kigari hupima muda huo, huuzidisha kwa kasi ya sauti, kisha hugawa kwa mbili. (Joto la Kisumu likifika nyuzi 30, sauti huongeza mwendo hadi mita 349 hivi. Kigari hakijali.) Kijana alikuwa ameandika agizo moja tu: umbali ukiwa chini ya sentimita 20, geuka. Hesabu iliyomchosha darasani ikawa imeota magurudumu.

Sasa pazia. Kitambaa laini hunywa sauti, na mikunjo yake hutawanya kidogo kinachobaki. Mwangwi haurudi, au hurudi hafifu mno. Kihisi cha aina hii, yaani yale macho mawili, husubiri milisekunde 38 hivi kisha huacha, nayo programu huelewa kwamba njia ni nyeupe. Ukuta ulio mshazari nao hudanganya vivyo hivyo, kwani huutupa mlio pembeni.

Tulibandika karatasi ya manila kwenye pazia. Kigari kikafika, kikasita, kikageuka. Kijana akavua sweta yake ya shule, akaitandaza juu ya stuli.

"Tujaribu na hii."

Kikaigonga.