Riba ya 15% sio kwamba unaongeza 15% basi

Wengi bado wanaamini ukikopa shilingi milioni 60 za nyumba kwa riba ya 15% utarudisha milioni 69 yameisha. Hapana jamani, hiyo 15% inapigwa kila mwaka kwenye deni lililobaki, kwa hiyo kwa miaka 20 rejesho ni kama 790,000 kwa mwezi na mwezi wa kwanza 750,000 yote ni riba, deni lenyewe linapungua elfu 40 tu. Baada ya miaka 5 umeshatoa milioni 47 na bado unadaiwa milioni 56, inauma kweli. Jumla inakaribia milioni 190! Ukichukua miaka 10, rejesho linapanda mpaka kama 968,000 ila jumla inashuka hadi milioni 116.