Filamu za mwanzo hazikufa kwa uzee

Ukiuliza filamu za mwanzo zilikwenda wapi, wengi watakujibu: zilizeeka, au ziliungua. Moto haukukosa. Mikanda ya nitreti, plastiki iliyotumika kwa filamu za mwanzo, hushika moto upesi na huendelea kuwaka hata ikizamishwa majini. Mwaka 1937 ghala la kampuni ya Fox huko New Jersey liliteketea. Lakini nyingi ziliangamizwa kwa makusudi, na mfano wake mchungu ni Georges Méliès, Mfaransa mfanya mazingaombwe aliyetengeneza filamu zaidi ya 500. Katika Vita Kuu ya Kwanza, jeshi la Ufaransa lilitwaa mamia ya nakala zake na kuziyeyusha, madini ya fedha yakachujwa na selulodi (plastiki ya mkanda) ikaishia kwenye visigino vya viatu. Mwaka 1923, akiwa amefilisika na anahama studio yake ya Montreuil, Méliès alizitia moto negativu zake mwenyewe, yaani mikanda ya asili ambayo nakala huchapwa kutokana nayo. Baadaye alikuwa akiuza pipi na vitu vya kuchezea watoto katika stesheni ya Montparnasse, Paris.

Basi wengine hudhani kazi yake ilikwisha siku ile. La hasha. Filamu zake zipatazo 200 zipo, kwa kuwa nakala zilikwisha kutawanyika, na nduguye Gaston alikuwa na ofisi New York tangu 1903. Huko Marekani, sheria ya hakimiliki haikuzitambua filamu hadi 1912, hivyo watengenezaji walizichapa kwenye karatasi na kuzisajili kama picha za kawaida. Urasimu huo (kwa mara moja tuushukuru) uliokoa filamu zipatazo 3,000 katika Maktaba ya Bunge la Marekani.

Na si kweli kwamba zote zilikuwa nyeusi na nyeupe. Katika karakana ya Elisabeth Thuillier, Paris, wanawake walipaka rangi kwa brashi, picha moja baada ya nyingine. Nakala ya rangi ya filamu ya Méliès ya 1902 kuhusu safari ya mwezini ilipatikana Barcelona mwaka 1993, imegandamana kama gogo. Ilibanduliwa kidogo kidogo, ikaonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 2011.

Na kwa wanaosema kuhusu filamu za zamani, “tuziweke kwenye kompyuta, yaishe”: diski huharibika ndani ya miaka michache na lazima data ihamishwe kila mara. Mkanda wa filamu wa poliesta (plastiki isiyo nitreti), ukiwekwa penye baridi na ukavu, hudumu karne.