Je, wajua kwa nini muziki uleule husikika kwenye vipindi viwili tofauti?

Jioni moja ya baridi la Juni nilikuwa kwenye kibanda umiza pale Mwanjelwa, Mbeya. Kwenye filamu mama anamlilia mwanawe, kinanda kinashuka taratibu nyuma ya kilio. Kijana jirani yangu akashtuka: "Hii si ile ya matangazo ya vifo redioni?" Alisikia sawasawa.

Muziki mwingi wa televisheni haukutungwa kwa ajili ya kipindi unachokitazama. Mtunzi huingia studio bila kuona picha hata moja, akarekodi vipande vifupi: vya huzuni, vya kukimbizana, vya kuchekesha. Kampuni huvihifadhi kama maktaba, na mtayarishaji asiye na muda wala fedha za kuagiza muziki mpya huchagua, hulipia leseni na kukata sekunde anazozitaka. Leseni hiyo kwa kawaida haimfanyi mmiliki, kwa hiyo mwingine naye anaruhusiwa kuchukua kipande hichohicho.

Ndivyo ilivyokuwa kwa Alan Hawkshaw, mpiga kinanda aliyezaliwa Leeds, Uingereza, mwaka 1937. Aliitungia maktaba ya KPM muziki mwingi mno. Kipande chake kiitwacho Chicken Man kilichukuliwa na BBC mwaka 1978 kufungulia Grange Hill, tamthilia ya watoto wa shule. Mwaka uliofuata, ITV nao wakakitumia, kimepigwa kwa namna nyingine, kwenye Give Us a Clue, mchezo wa kukisia kinachoigizwa bila kusema. Vituo vinashindana, muziki ni wa mtu mmoja, na watazamaji wengi hawamjui hata kwa jina.

Kazi yake ninayoipenda zaidi ni ya Countdown, kipindi kilichoanza mwaka 1982. Washiriki hupewa herufi waunde neno, na saa ikianza kwenda muziki nao unaanza. Ni sekunde 30 tu, lakini zina mwanzo, zina wasiwasi unaopanda, na mwisho unaoanguka ghafla. Mshiriki anajua kwa sikio muda uliobaki, macho yako kwenye herufi. Hawkshaw alifariki mwaka 2021; saa ile bado inakwenda na muziki wake.

Mtunzi wa namna hii hula kwa karatasi. Mtayarishaji hujaza orodha ya muziki uliotumika: jina la kipande, jina la mtunzi, sekunde ngapi. Kwa orodha hiyo chama cha hakimiliki hugawa mirabaha kila kipindi kinaporushwa. Sisi tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na COSOTA, ofisi ya hakimiliki nchini, ipo. Lakini nimekaa kwenye studio ndogo hapa mjini nikamwona mpiga kinanda akiuza kipande kizuri kwa fedha taslimu, bila mkataba. Kwenye kompyuta faili liliandikwa "huzuni 3". Nilimwomba aongeze jina lake mbele ya hiyo tatu kabla flashi haijachomolewa, akaliandika.