Sekunde Mbili za Muuza Dagaa

Nahariri filamu. Chumba changu kiko Kirumba, Mwanza, jirani na soko la samaki la Mwaloni, kwa hiyo harufu ya dagaa ni sehemu ya ofisi. Kazi nyingi zinazonifikia ni vichekesho, na vijana wanaopita hapa wote wana swali moja: nifanyeje niwe steringi? Hajatokea wa kuniuliza afanyeje awe yule wa pembeni.

Wiki hii nilikuwa na sini moja. Steringi, kijana mwenye suti ya kuazima, anataka kumkopa mzee gunia zima la dagaa, huku akijigamba kwamba ana mitumbwi sita Ukerewe. Kwenye skripti mzee hana neno hata moja. Anachambua dagaa tu. Kijana anapoutaja mtumbwi wa sita, mzee anaacha kuchambua, anatazama kiatu cha kijana kilichopasuka kidoleni, halafu anarudi kwenye dagaa wake.

Mwanzoni nilikata haraka: fremu 12 za mzee, narudi kwa kijana. Haikuchekesha. Tunarekodi fremu 25 kwa sekunde, kwa hiyo nilikuwa nimempa mzee chini ya nusu sekunde, na kwa muda huo hujakiona kiatu, achilia mbali kuona kwamba mzee amekiona. Nikamwachia fremu 50. Mpiga kamera wangu, ambaye sini hiyo aliirekodi mwenyewe, akapaliwa na chai.

Uongo wa kijana ulibaki ule ule. Ila uongo peke yake hauchekeshi, mpaka apatikane mtu wa kuupokea. Ndiyo maana mchekeshaji Sharo Milionea alinoga zaidi alipokutana na mchekeshaji mwenzake, King Majuto: mbwembwe za sharobaro zilihitaji mzee wa kukereka nazo. Majuto, Mungu amrehemu, aliyefariki Agosti 2018, aliweza yote mawili, kubeba filamu na kumpokea mwenzake. Wa namna hiyo ni wachache.

Marekani alikuwepo mwigizaji Margaret Dumont. Kati ya 1929 na 1941 alicheza filamu 7 na ndugu wa Marx, kundi la wachekeshaji, mara nyingi akiwa mama tajiri mwenye heshima zake. Groucho, mmoja wa ndugu hao, anamtongoza na kumtukana kwa pumzi moja, naye anazidi kujiweka sawa kama yuko kanisani. Angecheka hata kidogo tu, mchezo ungekwisha.

Kipato ni habari nyingine. Wa pembeni hulipwa kwa siku, kwenye kava hayumo, na nimewahi kuona prodyuza akimlipa mtu nauli ya daladala na chipsi, basi. Afadhali yake ni kwamba uso wake hauchoshi haraka. Steringi wa miaka mitano iliyopita simsikii tena, aliyecheza mlinzi wake bado anaitwa. Lakini ataitwa kuwa mlinzi. Ukishavaa lile koti, kulivua ni kazi.

Jana mzee wa dagaa alipita.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba, kijana wangu. Nimebaki?"

Nikamwonyesha. Alitazama bila kucheka, akaomba nirudishe, akatazama tena.

"Kiatu kinaonekana vizuri? Maana huyo kijana alikuja na raba mpya. Mimi ndiye niliyemvua, nikamvalisha changu."