Jacinto Molina, Kalamu Iliyofichwa na Manyoya: Dhana Potofu na Ukweli

Wapenzi wengi wa filamu za kutisha wanamfahamu Paul Naschy kwa uso uliojaa manyoya na meno yaliyotapakaa damu, na kwa sababu hiyo wameamini kuwa alikuwa mwigizaji ambaye, baada ya kuizoea kazi, alijaribu pia kuandika. Mambo yalikwenda kinyume cha hivyo. Jacinto Molina Álvarez, maana hilo ndilo jina halisi la Naschy, aliyezaliwa Madrid mwaka 1934 na aliyewahi kuwa bingwa wa Hispania wa kunyanyua vitu vizito, aliandika kwanza mswada wa filamu ya La marca del hombre lobo, iliyotoka mwaka 1968, na nafasi ya mtu anayegeuka mbwamwitu ilikusudiwa Lon Chaney Jr., mwigizaji wa Marekani. Chaney alikuwa amelemewa na umri na maradhi, hakupatikana, na hapo ndipo mwandishi alipoivaa ngozi ya mhusika aliyemuumba mwenyewe.

Wapo wanaosema kwamba alijiita Paul Naschy kwa kuionea haya asili yake ya Kihispania. Si kweli. Wasambazaji wa Ujerumani walitaka mwigizaji mkuu awe na jina lisilo la Kihispania, naye akaliunga haraka: Paul kutoka kwa Papa Paulo wa Sita, na Naschy kutoka kwa Nagy, mnyanyua vyuma wa Hungaria. Miswada yake aliendelea kuitia saini ya Jacinto Molina. Jambo hili nalipa uzito mkubwa, kwa maana jina la kukopa aliliachia uso, na lile alilopewa na wazazi akalitunza kwa ajili ya kalamu.

Dhana iliyoenea zaidi inamhusu Waldemar Daninsky, yule mtu anayegeuka mbwamwitu, mhusika aliyemrudia zaidi ya mara 10. Kwa kuwa Daninsky ni Mpolandi, wengi huhitimisha kwamba Molina aliiga tu filamu za Hollywood na hakuwa na la kusema kuhusu nchi yake. Hao wanasahau kwamba mswada wa La marca del hombre lobo uliandikwa chini ya utawala wa kiimla wa Jenerali Franco nchini Hispania, wakati ambapo kila mswada ulipaswa kupita mikononi mwa wakaguzi wa serikali kabla ya kamera kuwashwa. Mhusika wa awali alikuwa Mhispania wa Asturias. Wakaguzi hawakukubali zimwi kama hilo liwe raia wa Hispania, basi likapewa uraia wa mbali. Ni kweli kwamba Molina aliwapenda mazimwi wa Hollywood tangu utotoni, wala hakulificha hilo, lakini Upoland wa Daninsky ulikuwa njia ya kumwokoa mhusika asifutwe. Ukaguzi huohuo ndio uliofanya filamu nyingi za wakati ule zipigwe kwa namna mbili, moja yenye waigizaji waliovaa nguo kwa ajili ya Hispania, na nyingine yenye utupu kwa ajili ya soko la nje.

Ukaguzi wa filamu ulipofutwa mwaka 1977, kalamu yake iliigeukia Hispania waziwazi. El huerto del francés ya mwaka 1978, aliyoshiriki kuiandika, akaiongoza na kuigiza ndani yake, inatokana na mauaji ya kweli ya Peñaflor, katika mkoa wa Sevilla, na haina mbwamwitu hata mmoja. Anayemwita mwandishi wa mazimwi pekee hajaitazama.

Husemwa pia kwamba watazamaji walimchoka. Uchovu ulikuwapo, lakini sababu iliyoumiza zaidi ilikuwa ya kisera: amri ya Desemba 1983, inayojulikana kwa jina la Pilar Miró, mwongozaji wa filamu aliyesimamia sinema serikalini wakati huo, iliielekeza ruzuku ya serikali kwenye filamu chache za gharama kubwa zilizohesabiwa kuwa za hadhi, na filamu za bei nafuu zikakosa pa kushika. Kabla ya hapo Molina alikuwa amekwisha kutafuta washirika Japani, ambako sehemu ya filamu yake La bestia y la espada mágica ilipigwa.

Wala si kweli kwamba nchi yake haikumtambua kamwe. Mwaka 2001 alitunukiwa Medali ya Dhahabu ya Sanaa, na alipofariki Madrid tarehe 30 Novemba 2009, alikuwa ameishi miaka minane akiwa na heshima hiyo.