Makazi yasiyo na mamlaka ya mji: maana yake, na kisa cha Nicodemus

Kwenye ramani ya Marekani kuna maelfu ya majina ya mahali pasipo na meya, baraza wala bajeti. Kanisa lipo, makaburi yapo, watu wapo, ila mbele ya sheria hapo si mji. Haya ndiyo makazi yasiyo na mamlaka ya mji: ama wakazi hawakuomba kutambuliwa kuwa mji kwa sheria za jimbo lao, au walitambuliwa kisha hadhi hiyo ikaondolewa. Mambo yao huangukia kaunti, yaani ngazi ya utawala iliyo chini ya jimbo. Mwizi hukamatwa na sherifu, yaani mkuu wa polisi wa kaunti, na kodi ya ardhi hulipwa huko huko.

Msomaji wa Tanzania asidhani kwamba hiki ni kijiji tunachokijua sisi. Kijiji chetu kimesajiliwa, kina mipaka, mwenyekiti wa kuchaguliwa, halmashauri na mkutano mkuu. Makazi ninayoyasema hayana hayo, na ndiyo maana historia yake hupotea upesi: hakuna ofisi ya mji iliyotunza kumbukumbu. Kinachobaki ni daftari la kanisa, rejista ya shule, mawe ya makaburi na masimulizi ya wazee.

Chukua Nicodemus, katika Kaunti ya Graham, jimbo la Kansas. Ilianzishwa mwaka 1877, miaka 12 tu baada ya utumwa kukomeshwa Marekani. Mchungaji mweusi W. H. Smith alishirikiana na mzungu mmoja mwanzilishi wa miji, W. R. Hill, wakasambaza matangazo katika jimbo la Kentucky kuwaita watu weusi waje wajipatie ardhi yao. Septemba mwaka huo waliwasili watu wapatao 300. Walikuta nyika tupu, miti michache mno ya kujengea, wakachimba nyumba ndani ya ardhi. Willianna Hickman, aliyefika na kundi lililofuata mwaka 1878, alisimulia kwamba alipoonyeshwa Nicodemus aliona moshi tu ukitoka ardhini, akaanza kulia. Katika majira ya kwanza ya baridi wengi waliponea chakula walichopewa na Waosage, kabila la wenyeji asilia wa Marekani, waliokuwa wakirudi kutoka mawindoni. Habari hiyo, kwangu mimi, ina uzito kuliko tarehe zote.

Wakajikaza. Kufikia miaka ya 1880 palikuwa na maduka, hoteli, makanisa, shule, hata magazeti mawili. Edward P. McCabe, aliyehamia hapo, alichaguliwa mkaguzi wa hesabu wa jimbo zima la Kansas mwaka 1882.

Kilichopangua mambo ni reli. Mwaka 1887 wapiga kura waliidhinisha hati za mkopo za dola 16,000 ili kuivuta njia ya treni ipite kwao. Haikupita. Mwaka 1888 kampuni nyingine ilijenga reli ng'ambo ya mto Solomon, kilomita chache kusini-magharibi, na kando yake ukachipuka mji wa Bogue. Wafanyabiashara wakahamia huko, wengine wakahamisha hadi majengo yao. Bogue leo ni mji kisheria. Nicodemus si mji.

Miaka ya 1930 ukame na dhoruba za vumbi, pamoja na mdororo wa uchumi, viliwaondoa wengine wengi. Posta ilifungwa mwaka 1953, na kwa makazi ya aina hii hilo ni pigo kubwa, kwa sababu mara nyingi posta ndiyo alama pekee ya serikali inayobeba jina la mahali.

Mwaka 1996 serikali ya Marekani iliitangaza Nicodemus kuwa eneo la kihistoria la taifa. Majengo matano yanalindwa: makanisa mawili, shule, hoteli ya zamani na ukumbi wa mikutano. Sensa ya 2020 ilihesabu watu 14. Lakini kila mwisho wa Julai vitukuu vya waanzilishi hurudi kutoka majimbo ya mbali, wakapika, wakasali, na wakatembelea makaburi ya wakubwa wao.